Miaka Mitatu Niliyomwongezea Esha

Nimewapa watoto wengi tarehe za kuzaliwa kuliko mkunga yeyote wa Newala, na sijawahi kumpokea hata mmoja. Ndiyo kazi ya karani wa shule. Mtoto huzaliwa mara moja kwa mama yake na mara ya pili kwenye rejista, na ile ya pili ndiyo inayojulikana maofisini.

Ninyi vijana mnaosoma haya, wengi wenu mlipata cheti cha kuzaliwa hata kabla hamjajua kukaa. Lakini mkikuta kaka zenu na dada zenu wa Newala na Masasi wamezaliwa tarehe mosi Julai, msiwacheke. Huenda ni mimi.

Niliingia kwenye ukarani baada ya kidato cha nne, si kwa kuupenda. Mwandiko wangu ulikuwa mzuri, na kamati ya shule moja ya msingi karibu na Newala ilikuwa inatafuta mtu wa kuandika. Mimi kwetu Chiwata, na miguu yangu haijawahi kupenda kukaa mahali. Nimefanya kazi shule nne, mbili upande wa Masasi na mbili Newala, na kila nilikokuwa nilitamani nilikotoka. Nikiwa Newala naota vumbi jekundu la Masasi. Nikiwa Masasi naukumbuka upepo wa Newala, ule wa asubuhi unaopanda kutoka bonde la Ruvuma. Sasa nimeacha kabisa. Nina miaka arobaini na kitu, nimepanga chumba Chiungutwa, natengeneza baiskeli. Watu wa hapa wananiita Mstaafu kwa utani, na mwakani msishangae mkiambiwa nimeshahama.

Aliyenifundisha kazi ni Mwalimu Hilari, mwalimu mkuu wa shule ile ya kwanza, mtu mfupi aliyevaa sweta hata jua likiwaka. Wiki yangu ya kwanza nilimpelekea rejista ya darasa la kwanza nikiwa na kiburi cha mwandiko. Akavaa miwani.

"Huyu Juma umeandika kazaliwa lini?"

"Tarehe mosi Julai, Mwalimu."

"Na huyu Mwanahamisi?"

"Mosi Julai."

"Na Bahati?"

Akahesabu kwa kidole mpaka chini ya ukurasa, kisha akavua miwani. "Karani, kijiji hiki watu wanazaa kwa msimu, kama mbuzi?"

Nikajitetea kwamba akina mama hawajui miaka.

"Wanajua kuliko wewe. Ila unawauliza vibaya. Usimwulize mama mwaka. Mwulize alikuwa anafanya nini shambani."

Ndivyo nilivyojifunza. Mama akikwambia mikorosho ilikuwa inachanua na watu wanapulizia salfa, hapo ni kati ya Juni na Agosti. Akisema mabibo ya mikorosho yalikuwa yanaoza chini, ni Oktoba au Novemba. Akisema Ramadhani, usifurahi haraka, maana mwezi mtukufu unatembea. Mwulize Ramadhani hiyo iliikuta nini shambani. Ikiwa iliyakuta mabibo, basi umeshabakiwa na miaka michache tu ya kuchagua. Halafu ndipo unauliza swali la mwisho ambalo Mwalimu Hilari alilithamini kuliko yote: ni mtoto gani wa jirani aliyenyonya wakati mmoja na huyu? Mtafute huyo, tazama kadi yake ya kliniki, na mwaka utakuwa umeupata. Nusu saa kwa mtoto mmoja. "Nusu saa yako," alisema, "kwa maisha yake yote."

Makosa niliyafanya hata hivyo. Mapacha Hasani na Huseni niliwapishanisha miaka miwili, kwa kuruka mstari. Mama yao alipoambiwa alikuja mpaka ofisini, akasimama mlangoni, akasema, "Karani, uchungu wangu ulikuwa mrefu, lakini si miaka miwili." Walimu walicheka mpaka chaki zikawadondoka.

Nilipotaka kuwasahihisha nikachukua wembe. Vijana wa kompyuta hamjui, lakini zamani wino ulikuwa unakwanguliwa kwa ncha ya wembe, taratibu, halafu unasugua pale kwa ukucha ili karatasi isinyonye. Mimi nilikwangua nikatoboa. Nyuma ya ukurasa ule alikuwa mtoto mwingine, na tundu likachukua mwaka wake wa kuzaliwa. Mwalimu Hilari aliinua karatasi juu akanitazama kupitia lile tundu kwa jicho moja.

"Umemtibu mmoja umemuua mwingine," akasema. "Sikiliza. Ukikosea, piga mstari mmoja, kosa libaki linasomeka. Juu yake andika lililo sahihi. Pembeni weka saini yako na tarehe. Karani si mtu asiyekosea. Ni mtu anayeweka saini kwenye kosa lake."

Nililikariri hilo, nikawa nawaambia makarani wapya kila nilikohamia, kwa sauti ileile, na wengine wakadhani ni maneno yangu.

Sasa niwaambie habari ya Esha.

Ilikuwa Ijumaa ya kuandikisha darasa la kwanza, na Mwalimu Hilari alikuwa kikaoni. Akina mama walipanga foleni kutoka mezani kwangu mpaka kwenye pipa la maji. Kulikuwa na lori linateremka Masasi saa sita, na dereva alikuwa ameniwekea nafasi mbele. Jumamosi kulikuwa na mpira Masasi, na nilikuwa na wiki mbili sijaiona Masasi. Kwangu mimi wiki mbili zilikuwa nyingi.

Zamu ya Mama Esha ilifika lori likiwa limeshaegeshwa barabarani. Mnajua huku kwetu mama huitwa kwa jina la mtoto wake wa kwanza. Mtoto wake wa kwanza, Esha, alifariki kwa homa akiwa na miaka miwili. Alipozaliwa binti mwingine wakampa jina lilelile, ili lisipotee nyumbani, na mama aendelee kuitwa alivyoitwa. Jambo la kawaida; familia nyingi zimefanya hivyo. Basi katika nyumba ile kulikuwa na Esha wawili, mmoja kaburini na mmoja mbele ya meza yangu, ameshika khanga ya mama yake.

Akanipa kadi ya kliniki iliyokunjwa ndani ya kitambaa.

"Karani, kadi ya huyu imeliwa na mchwa. Hii ni ya marehemu dada yake, jina lao moja. Nimeileta uone majina yanavyoandikwa, la baba na la babu, basi. Huyu kazaliwa mwezi wa Ramadhani, mabibo yamejaa chini."

"Ramadhani ya mwaka gani?"

"Mwaka aliozaliwa Zuberi wa jirani yangu. Yule pale kwenye foleni na mama yake, ana kadi. Mwite."

Dereva akapiga honi.

"Mama Esha," nikasema, "kadi ni kadi."

"Lakini hiyo tarehe si ya huyu, baba."

"Tutarekebisha. Mwingine!"

Nikaandika 14 Machi 2000, kwa mwandiko wangu mzuri. Maana yake niliandika kwamba mtoto yule ana miaka kumi, naye hajafika kiunoni pangu, na meno ya mbele ndiyo kwanza yameng'oka. Zuberi alikuwa hatua kumi kutoka mezani. Alipofika nikanakili kadi yake bila kuinua kichwa: Novemba 2003. Nikafunga rejista nikakimbilia lori. Ule mpira, kama mnataka kujua, ulitoka sare.

Sikurekebisha. Mwaka uleule nikahamia shule nyingine Masasi. Tarehe ile ikafanya safari yake bila mimi: kutoka rejista ikaenda kwenye fomu za darasa la saba, kutoka hapo ikaingia kwenye mfumo wa kompyuta, na ikishaingia humo haikwanguliki kwa wembe wala kwa kitu chochote.

Miaka ikapita, nikarudi Newala, safari hii karani wa sekondari. Esha alisoma hapo hapo, nikamwona kila siku kwa miaka minne bila kumkumbuka. Alikuwa mrefu, mpole, mkali wa baiolojia. Akamaliza kidato cha nne, akafaulu. Halafu mwezi wa Septemba akaja ofisini na mama yake, ameshika barua kwa vidole viwili kama kitu kibichi.

"Shikamoo, Mwalimu." Wanafunzi hata karani humwita Mwalimu.

"Marahaba. Lete."

Ilikuwa barua ya chuo cha uuguzi. Amepata nafasi, na kuna wafadhili watakaomsomesha mpaka mwisho. Sharti lao moja: siku masomo yanapoanza, mwezi wa Oktoba, awe hajatimiza miaka kumi na minane. Walitaka cheti cha kuzaliwa kabla ya Ijumaa ya wiki iliyofuata. Esha hakuwa na cheti. Kwa umri wake wa kweli angetimiza kumi na minane Novemba. Alikuwa ndani ya sharti kwa mwezi mmoja tu, na mwaka ujao asingekuwa ndani tena. Kwa umri wangu mimi alikuwa na ishirini na moja.

Wilayani walishamwambia: cheti kinafuata kumbukumbu za shule, na kumbukumbu za shule zinasema 2000. Shule ieleze kwa barua ilivyokuwa.

Mkuu wa shule, tuliyemwita Madamu, akaagiza rejista ya zamani kutoka shule ya msingi. Ikaletwa. Aliifungua, akatazama ule mwandiko, akanitazama mimi.

"Huu si mwandiko wako?"

"Ni wangu, Madamu."

"Basi Mungu kakurahisishia. Andika ilivyokuwa, nisaini."

Nikaandika hivi: *Mzazi aliwasilisha kadi yenye tarehe 14 Machi 2000, na ofisi iliandika kama kadi ilivyoonyesha.* Someni tena. Hakuna neno la uongo hapo. Ningekuwa na kalamu mbaya labda ningeogopa, lakini mwandiko wangu ulikuwa mzuri na barua ikapendeza.

Jumanne tukaenda wilayani, mimi, Esha na mama yake. Afisa wa vyeti alikuwa kijana mstaarabu, alitupa viti. Akaisoma barua mara mbili.

"Mama, hii kadi uliyopeleka shuleni ilikuwa ya nani?"

"Ya Esha wa kwanza. Marehemu."

"Na ulijua si ya huyu?"

"Nilijua. Nikamwambia karani."

Afisa akanigeukia. "Karani, alikuambia?"

Vijana wangu, nilikumbuka kila kitu. Nilikumbuka kitambaa chenyewe, cha kijani. Nilikumbuka honi. Nikasema, "Sikumbuki, mheshimiwa. Siku ile watu walikuwa wengi."

Mama Esha hakupiga kelele. Alinitazama kama mtu anayetafuta mahali alipoweka kitu. Kisha akamgeukia afisa.

"Basi andika nimedanganya, baba. Andika mama yake ni mwongo, mtoto aende chuo."

"Mama!" Esha akasema.

"Nyamaza wewe. Mimi uongo wangu utanifanya nini? Nitashindwa kulima?"

Afisa akainamisha kichwa. "Mama, haiendi hivyo. Ukikubali kwamba ulitoa kadi isiyo yake, inabidi kiapo mahakamani, barua ya mtendaji wa kijiji, na uthibitisho wa kifo cha yule wa kwanza. Ulikuwa na karatasi yoyote ya kifo?"

"Mtoto tulimzika. Karatasi ya nini?"

"Basi hizo ni wiki tatu, kama mambo yatakwenda vizuri." Akawa anazipanga karatasi ambazo zilikuwa zimeshapangika. "Kama shule ingeandika ni kosa la karani, ningesahihisha leo au kesho."

Alilisema akitazama meza. Nadhani alishajua. Alikuwa ananiachia mlango wazi ili nipite bila kusukumwa. Sikupita. Nje Esha alimsaidia mama yake kufunga khanga, wakaondoka kwa miguu, na mimi nikabaki kwenye ngazi nikijidai kutafuta kitu mfukoni.

Mtauliza niliogopa nini. Nimejiuliza hilo zaidi yenu. Niliogopa kufukuzwa kazi, kazi ileile niliyokuwa nimeshaiacha mara tatu kwa hiari yangu. Lakini si hiyo tu. Niliona haya mbele ya Madamu, mbele ya kijana yule wa vyeti, mbele ya makarani wote niliowahubiria habari ya saini. Haya ilinizuia kusema leo, na kesho yake ikawa haya mbili. Jumatano nikasema Alhamisi. Alhamisi Madamu akaniuliza, "Yule binti vipi?" nikajibu wanashughulikia. Ijumaa ikaja ikapita, na siku nzima sikutoka ofisini nisije nikawakuta barabarani.

Jumamosi nikafanya nilichozoea, nikaamua kukimbilia Masasi. Nikasimamisha bodaboda. Kijana akanisalimia, "Shikamoo, Karani," nami sikumjua mpaka tulipofika njiani.

"Karani, Esha keshaenda chuo?"

"Bado. Kuna mambo ya tarehe."

"Mnasumbuka bure bwana!" Akacheka, upepo unamchukulia maneno. "Mimi si Zuberi? Mama zetu walijifungua pamoja, tumepishana siku tisa. Mama kila siku ananiambia nimwamkie Esha kwa sababu ya hizo siku tisa. Kadi yangu ipo nyumbani. Mngeniita tu."

"Simama," nikamwambia.

"Hapa? Hapa hakuna kitu, Karani."

"Simama. Nirudishe."

Akageuza akinung'unika kwamba watu wa ofisini hawana akili. Jumatatu asubuhi nilikuwa mlangoni kwa Madamu kabla hajafika. Nikaandika barua ya mistari miwili. *Mama wa mtoto alinieleza kwamba kadi haikuwa ya mtoto huyu, akanionyesha njia ya kupata tarehe ya kweli. Nilipuuza kwa haraka zangu. Kosa ni langu.* Madamu aliisoma akiwa amesimama.

"Jumanne uliyajua haya?"

"Niliyajua."

"Na mimi nimeweka saini kwenye ile nyingine." Akasaini hii, na akanitaka niandike na barua ya kuacha kazi nikiwa bado nimeshika kalamu.

Afisa wa vyeti alifanya kama alivyoahidi. Kwenye rejista tukapiga mstari mmoja, juu yake tarehe ya Zuberi tukitoa siku tisa, Novemba 2003, pembeni saini yangu. Jumatano cheti kilikuwa mkononi. Siku mbili. Madamu akapiga simu chuoni palepale, akiwa ameweka sauti juu ili nisikie. Mama mmoja akajibu kwa upole kwamba wafadhili walifunga orodha Ijumaa, nafasi ya Esha amepewa msichana mwingine, na msichana huyo ameshaarifiwa.

Ninyi mnaosoma sasa, tazameni tarehe zenu leo, si siku mtakayoitwa chuo. Tazameni iliyo kwenye rejista, tazameni iliyo kwenye fomu ya darasa la saba kabla haijatumwa, msione aibu kumsumbua mwalimu. Na wewe utakayekaa kwenye meza niliyokaa mimi, ukimsikia mama anasema "lakini", weka kalamu chini. Lori litakuja jingine. Na kama umeshakosea, sema siku ileile, kwa sababu kosa langu la kwanza lilikuwa bado linasahihishika baada ya miaka kumi na moja, ila lile la Jumanne mpaka Ijumaa halikusahihishika tena.

Cheti nilikipeleka mwenyewe. Ilikuwa Oktoba imeingia. Nilimkuta Mama Esha anatenga korosho uani, Esha anafagia. Nikasema yote, nikiwa nimesimama, kwamba nilikumbuka na nikakana. Mama Esha akaendelea na korosho zake mpaka nilipomaliza.

"Nilijua unakumbuka," akasema. "Sikujua tu unaogopa nini. Mimi sikutishi."

Nikamkabidhi Esha cheti kwa mikono miwili. Akafuta mikono yake kwenye gauni, akakisoma chote, jina, baba, mama, mahali, kama mtu anayesoma habari za mtu mwingine. Alipofika kwenye tarehe akahesabu kimoyomoyo, midomo ikicheza.

"Kumbe kweli nina miaka kumi na saba," akasema. Halafu akakikunja vizuri. "Mpaka mwezi ujao."

Nikaaga. Mama Esha akasema ngoja, jua kali, na kabla sijakataa akaingia ndani. Newala yote wiki ile ilikuwa haina maji. Ndoo zilikuwa zimepanga foleni kisimani tangu juzi, na mlangoni pake niliona ndoo moja tu, nayo nusu. Akatoka na kikombe kimejaa mpaka ukingoni, amekishika kwa mikono miwili asimwage. Mgeni hapewi maji akayarudisha. Nikayanywa yote mbele yao.